Mtoto Akitokwa na Damu Puani

Ni asubuhi ya mwezi wa saba, huko Mufindi. Baridi ni kali. Mtoto wa miaka minne anamkimbilia mama yake. Damu inamtoka puani na shati limelowa. Mama anashtuka. Jirani anasema, "Mlaze chali!" Bibi anasema, "Mwinue uso, atazame juu!" Je, ungekuwa wewe ungefanya nini?

Damu inatoka wapi?

Ndani ya pua kuna ngozi laini sana. Chini ya ngozi hiyo imepita mishipa midogo mingi ya damu. Mingi iko mbele, kwenye ukuta unaotenga matundu mawili ya pua. Ngozi hiyo ikikauka, hupasuka. Mtoto akichokonoa pua kwa kidole, mshipa hukatika.

Katika sehemu nyingi za Mbeya na Iringa, miezi ya Juni mpaka Agosti ni ya baridi na ukavu. Vumbi ni jingi. Usiku tunafunga madirisha na kuota moto ndani. Hewa kavu, vumbi na moshi huikausha pua. Mafua nayo huiwasha. Kwa hiyo damu ya puani si dalili ya kurogwa. Mara nyingi si ugonjwa mkubwa.

Fanya hivi

1. Tulia. Mtoto akilia, damu huzidi.
2. Mkalishe. Mwinamishe mbele kidogo.
3. Bana sehemu laini ya pua, chini ya mfupa, kwa vidole viwili. Ziba matundu yote mawili.
4. Mwambie apumue kwa mdomo na ateme damu inayoingia mdomoni.
5. Endelea kubana kwa dakika 10 bila kuachia.

Hapo ndipo wengi wetu tunapokosea. Tunabana kidogo, tunaachia, tunachungulia. Damu inayoanza kuganda inafumuka tena. Huna saa? Weka punje 10 za mahindi mbele yako. Hesabu polepole kutoka 1 hadi 60, kisha sogeza punje moja. Punje zote zikiisha, achia taratibu. Damu ikitoka bado, bana tena dakika 10. Ukimaliza, nawa mikono kwa sabuni.

Usifanye hivi

Usimlaze chali wala usimwinue uso. Bibi na jirani walitaka kusaidia, lakini damu ingeshuka kooni. Mtoto angeimeza na kutapika, au ingempalia. Nanyi mngedhani imekoma, kumbe inatoka ndani kwa ndani.

Usimtie puani majani, ugoro, wala kitambaa. Usimpe aspirini, kwa maana huzuia damu kuganda. Damu ikishakoma, asipenge kwa nguvu na asichokonoe pua. Siku hiyo asinywe chai ya moto sana.

Mpeleke zahanati upesi kama:

- umebana mara mbili na damu haijakoma;
- ameanguka au amepigwa kichwani;
- amelegea au amepauka;
- ana umri wa chini ya miaka miwili;
- damu hutoka mara kwa mara, au hutoka pia kwenye fizi, au ana alama za damu ngozini;
- tundu moja tu linatoa damu na usaha wenye harufu mbaya. Huenda ameingiza harage au punje ya mahindi. Usiichokoe mwenyewe, utaisukuma ndani zaidi.

Njiani endelea kumbana pua.

Kuzuia ni bora

Mkate mtoto kucha. Mpake mafuta mepesi ya mgando mlangoni mwa pua, asubuhi na jioni. Nyunyiza maji sakafuni kabla ya kufagia, ili vumbi lisiruke. Pika mahali ambapo moshi unapata njia ya kutoka. Usilale na jiko la mkaa ndani ya nyumba iliyofungwa. Hewa yake huua.

Ndugu msomaji, dawa ya kwanza ya damu ya puani haiuzwi dukani. Ni vidole vyako viwili na uvumilivu wa dakika 10. Mfundishe na bibi, kwa kuwa mara nyingi yeye ndiye anayebaki na watoto wewe ukiwa shambani.

Maswali ya kujadili

1. Kwa nini mtoto asilazwe chali?
2. Kijijini kwenu watu hufanya nini mtoto akitokwa na damu puani? Lipi jema, lipi la kuacha?
3. Bana pua yako mwenyewe huku mwenzako akihesabu kwa punje. Je, dakika 10 ni ndefu kuliko ulivyodhani?