Vifua Wazi Thermopylae

Malalamiko kuhusu filamu za vita vya Wagiriki na Waajemi huanzia kwenye mavazi, na mara nyingi huishia hapohapo. Mtazamaji aliyesoma kidogo atasema Wasparta hawakupigana vifua wazi, Waajemi hawakuja na faru, na mfalme Xerxes hakuwa pandikizi la mtu lililotogwa uso mzima. Mwenzake atamjibu kwamba ile ni filamu, si somo la historia, na ubishi utaishia hapo. Wote wawili wana haki, na wote wawili wamepitwa na jambo lenyewe. Katika vita vya kale, deraya, urefu wa mkuki na upana wa njia ndivyo vilivyoamua nani afe na nani abaki. Mwongozaji akiviondoa anabaki na ushindi usio na sababu, na ushindi wa namna hiyo watu huutafutia sababu katika damu: hawa walishinda kwa kuwa ni wao, na wale walishindwa kwa kuwa ni wale. Kosa la fundi wa mavazi linakuwa kauli kuhusu mataifa.

Tuchukue Thermopylae, mwaka 480 KK, maana ndiko sinema inakopenda kurudi: kwanza The 300 Spartans ya mwaka 1962, kisha 300 ya Zack Snyder ya mwaka 2006, iliyotokana na kitabu cha katuni cha Frank Miller na kuingiza zaidi ya dola milioni 450. Chanzo chetu kikuu ni Herodotus, Mgiriki wa Halicarnassus, mji uliokuwa chini ya himaya ya Waajemi, aliyeandika miongo kadhaa baada ya vita. Yeye haoni muujiza wowote katika siku zile tatu. Anaeleza njia nyembamba, mlima upande huu na bahari upande ule, mahali ambapo wingi wa watu haukuwa na faida. Anaeleza kwamba mikuki ya Waajemi ilikuwa mifupi kuliko ya Wagiriki. Anaeleza kwamba Wagiriki walipigana kwa zamu, mji baada ya mji, hivyo aliyechoka alipata kupumzika. Na anaeleza hila ya Wasparta ya kujifanya wanakimbia, kisha kugeuka ghafla na kuwapiga waliokuwa wakiwafukuza bila mpangilio.

Tena bahari ile haikuwa ukuta. Jeshi lenye merikebu lingeweza kushusha watu nyuma ya Leonidas, mfalme wa Sparta aliyeishikilia njia ile, wakati wowote, na lililozuia hilo ni kundi la merikebu za makasia za Wagiriki lililokaa Artemisium, 271 kwa hesabu ya Herodotus kabla ya nyongeza kufika. Mapigano ya nchi kavu na ya majini yalitegemeana kama bawaba na mlango. Katika filamu ya Snyder hakuna kundi hilo. Kuna korongo la mawe, jabali refu na dhoruba, na Wasparta wanashikilia njia kwa sababu tu hawajui kuogopa.

Sasa tuitazame ngao. Ngao ya askari mzito wa Kigiriki ilikuwa ya mbao, ya mviringo, upana wake sentimita 90 hivi, na nyingi zilifunikwa kwa bati jembamba la shaba. Mkono wa kushoto uliingia katika pete iliyokuwa katikati, hata kwenye kiwiko, na kiganja kikashika kamba iliyokuwa ukingoni. Kwa ushikaji huo, karibu nusu ya ngao inatokeza nje ya mwili wa mwenyewe kwa upande wa kushoto, na kwa mtu aliye peke yake nusu hiyo ni mzigo tu. Faida yake huonekana pale jirani anaposimama bega kwa bega na kujificha humo. Ndiyo maana mwanahistoria Thucydides aliona kwamba jeshi la namna hiyo hupinda kuelekea kulia linapotembea: kila mtu anausogeza ubavu wake ulio wazi nyuma ya ngao ya mwenzake. Hofu ya kawaida kabisa imo ndani ya mpangilio wenyewe. Juu ya hayo kulikuwa na chepeo ya shaba, mabamba ya kukinga miguu, na deraya ya shaba au ya kitani kizito kifuani.

Kinachoshangaza ni kwamba 300 inalijua jambo hili. Leonidas anamkataa Ephialtes, mtu anayeomba kuingia katika jeshi lake, kwa hoja hiyohiyo: asiyeweza kuinua ngao hawezi kumlinda aliye kushotoni kwake, na safu nzima itavunjika. Ni maelezo mazuri, pengine ndiyo mazuri kuliko yote katika filamu hiyo. Lakini baada ya mgongano wa kwanza safu inasahauliwa. Leonidas anatoka mbele peke yake, kamera inamfuata huku ikipunguza na kuongeza kasi, naye anachoma, anakata, anageuka, tumbo wazi na joho jekundu likipepea. Kwa mantiki ya filamu yenyewe mfalme amekwisha kumwacha uchi jirani yake. Hapewi adhabu yoyote kwa kosa hilo, maana kufikia hapo filamu imeshaacha kuamini kwamba ngao ndiyo iliyowaweka hai.

Upande wa pili umefanyiwa vivyo hivyo, ila kwa kuongezewa. Wale wanaoitwa Wasiokufa, kikosi cha watu 10,000, tunao mfano wao wa karibu: picha za matofali ya rangi kutoka jumba la mfalme Dario, baba wa Xerxes, mjini Susa, ambazo leo zimo Louvre, Paris, na wataalamu wengi huona ndani yake walinzi wa aina hiyo. Wamevaa kanzu ndefu zenye nakshi, ndevu zimesukwa, upinde na podo begani, mkuki umesimamishwa wima mbele. Herodotus anawataja Waajemi wakiwa na kofia laini, suruali, magamba ya chuma kama ya samaki na ngao za kusukwa. Hilo ni jeshi lililojengwa kuzunguka upinde, lenye nguvu katika uwanja mpana uliojaa farasi, na lililoletwa mahali ambapo farasi na mishale vilipoteza faida. Snyder anawavika barakoa za fedha na kuwaficha nyuso za mazimwi. Mtu aliyevaa kanzu akishindwa katika njia nyembamba, mtazamaji huuliza kwa nini aliletwa pale. Zimwi likishindwa, hakuna anayeuliza.

Mtindo huo wa kueleza kwa maumbile umeenea filamu nzima. Ephialtes, ambaye Herodotus anamtaja kama mtu wa Malis aliyewasaliti Wagiriki kwa kutaka zawadi, amefanywa Msparta mwenye kibyongo. Maefori, mahakimu watano waliochaguliwa kila mwaka, wamefanywa makuhani wenye vidonda wanaopokea rushwa. Xerxes, ambaye wasomaji wa Biblia ya Kiswahili wanamjua kwa jina la Ahasuero, hana hata unywele mmoja kidevuni, ingawa michongo ya Persepolis haionyeshi mfalme wa Uajemi asiye na ndevu. Waethiopia wa jeshi lake, ambao Herodotus anawaeleza kwa makini wakiwa na ngozi za chui na simba, pinde ndefu za mti wa mtende na miili iliyopakwa nusu chokaa, nusu rangi nyekundu, wameyeyuka ndani ya umati wa wageni wa kutisha.

Baada ya sababu za kivita kuondolewa, pengo linajazwa na uhuru. Wasparta, tunaambiwa, walishinda mioyoni kwa kuwa walikuwa watu huru wakipigana na watumwa. Kuna onyesho moja ambalo watazamaji hulipenda sana: Leonidas anawauliza askari wa Arcadia kazi zao, nao wanajibu mfinyanzi, mchongaji, mhunzi, kisha anawageukia watu wake, nao wananguruma pamoja kwamba wao kazi yao ni vita. Kisa hicho kina asili ya kale, ila mwandishi wa kale Plutarch anakisimulia kuhusu mfalme mwingine wa Sparta, Agesilaus, karibu karne nzima baadaye. Neno ambalo filamu hailisemi ni kwamba Msparta hakuwa mfinyanzi wala mkulima kwa sababu alilimiwa. Maheloti, watu wa nchi iliyotekwa, ndio waliozalisha chakula chake, na kwa masimulizi ya Plutarch, anayemtaja Aristotle, maefori walitangaza vita juu yao kila mwaka ili kumuua mmoja wao kusihesabiwe dhambi. Katika vita vya Plataea dhidi ya Waajemi, mwaka 479 KK, Herodotus anahesabu maheloti saba kwa kila Msparta, 35,000 kwa 5,000. Hata Thermopylae anawataja maheloti miongoni mwa maiti. Pamoja nao walikuwapo watu 700 wa Thespiae, waliobaki hadi mwisho kwa hiari yao, na ambao 300 haikuwapa nafasi hata ya kutajwa katika jina lake.

Sisemi Waajemi walikuwa malaika. Maelfu ya vibao vya udongo vilivyofukuliwa Persepolis mwaka 1933 na 1934 na watafiti wa Chuo Kikuu cha Chicago vinaonyesha wafanyakazi wakipewa posho ya nafaka, na wanawake waliojifungua wakiongezewa. Lakini wengi wa wafanyakazi hao walihamishwa kutoka nchi za mbali, na si rahisi kuwaita watu huru. Himaya zote mbili za mawazo, ile ya uhuru mtupu na ile ya utumwa mtupu, hazina makao katika ushahidi.

Jibu zito zaidi kwa haya yote linatoka kwa watetezi wa filamu, nalo si lile la burudani. Wanasema 300 haidai kuwa historia, kwa sababu msimulizi wake ni Dilios, Msparta anayewatia askari moyo kabla ya vita vya Plataea. Tunachokiona ni majigambo yake, na majigambo hutia chumvi. Hoja hiyo ingenishinda kama Wagiriki wa wakati ule wasingetuachia majigambo yao halisi. Wametuachia. Mwaka 472 KK, miaka minane tu baada ya Waajemi kuichoma Athens, Aeschylus, aliyepigana mwenyewe na Waajemi huko Marathon, aliwaonyesha Waathene tamthilia inayotokea Susa, ndani ya jumba la adui, ambamo mama wa mfalme na wazee wanaomboleza vijana wao. Herodotus anasema wazi kwamba huko Plataea Waajemi hawakupungukiwa na ushujaa wala nguvu. Walipungukiwa na deraya na ustadi. Ndiye pia anayesimulia kwamba Wasparta waliwatupa wajumbe wa Dario kisimani, miaka kabla ya Leonidas kwenda Thermopylae, kisha wakaingiwa na hofu ya dhambi na kuwapeleka watu wawili, Sperthias na Bulis, wakauawe kwa fidia. Xerxes akawarudisha salama, akisema hatafanya uovu uleule anaowalaumia. Onyesho la mjumbe kutupwa kisimani ndilo lililoitangaza 300 duniani kote, na nusu ya pili ya kisa haimo. Msparta wa kale aliyejigamba alihitaji adui anayestahili, vinginevyo sifa yake ingepungua thamani.

Je, Herodotus naye hakutia chumvi? Alitia. Anahesabu wapiganaji wa Xerxes kuwa 2,641,610, kisha anaongeza watumishi hadi kuvuka milioni tano, idadi ambayo hakuna mtaalamu wa leo anayeikubali; makadirio mengi yako chini ya laki tatu, na mengine chini zaidi. Lakini chumvi hiyo tunaweza kuipima kwa sababu yeye mwenyewe ameacha vipimo: ghala za nafaka zilizowekwa njiani, mito, madaraja ya merikebu, mfereji wa Athos ambao uchunguzi wa ardhi umethibitisha ulichimbwa. Alizidisha idadi ya watu bila kuwabadilisha kuwa viumbe wengine. Ile filamu ya mwendelezo, 300: Rise of an Empire ya mwaka 2014, haiachi hata kipimo cha kuipimia: Dario anapigwa mshale Marathon, mahali ambapo hakuwapo, na Artemisia, malkia aliyemletea Xerxes merikebu tano na kutoka katika vita vya majini vya Salamis akiwa hai, anakuwa jemadari wa majini wa himaya nzima na kufia vitani.

Wengine watasema sababu haziwezi kupigwa picha, kwamba mpangilio wa jeshi ni mambo ya darasani. Alexander ya Oliver Stone, ya mwaka 2004, ilifeli kwa mambo mengi, na kuunganisha vita tofauti ni mojawapo, lakini onyesho lake la vita vya Gaugamela linalikanusha dai hilo. Vumbi linaficha kila kitu, kwa hiyo kamera inapanda na tai na kuutazama uwanja kutoka juu, huku maandishi yakitueleza kama tuko kushoto, katikati au kulia kwa jeshi la Makedonia. Tunaona Alexander akivuta farasi wa Waajemi kuelekea kulia, pengo likifunguka, na kabari ya wapanda farasi ikielekea kwa Dario III. Mwanahistoria Robin Lane Fox wa Oxford, mshauri wa filamu hiyo, alipanda farasi katika shambulio lenyewe. Mtazamaji anatoka akijua kwa nini upande mmoja ulivunjika, tena bila kuambiwa kwamba ulikuwa upande wa mazimwi.

Hata hapo Stone amefuata waandishi wa Kigiriki na Kirumi, wanaosema Dario ndiye aliyekimbia kwanza. Kibao cha wanajimu wa Babeli kilichomo British Museum, London, kwa jinsi kinavyosomwa na wataalamu wengi, kinasema askari ndio waliomwacha mfalme wao na kurudi makwao. Mwongozaji atakayekifuata kibao hicho atalazimika kuonyesha mambo ambayo sinema haijayagusa bado: ni vikosi vipi vilivyoondoka kwanza, vilikuwa vimesimama saa ngapi, viliona nini katika vumbi lile, na viliondoka chini ya amri ya nani.