Kibali cha bastola hakivuki geti la Mkwakwani

DAKIKA ya 90, Machi 11, 2018, mjini Thessaloniki, Ugiriki. PAOK wanaamini wameimaliza AEK Athens. Fernando Varela amepiga kichwa, mpira umo wavuni, Uwanja wa Toumba umelipuka. Kisha bao linakataliwa. Mwamuzi Giorgos Kominis anasema kulikuwa na kuotea.

Hapo ndipo mwenye timu, tajiri Ivan Savvidis, aliposhuka uwanjani na mabaunsa wake kwenda kumvaa mwamuzi. Kiunoni ana bastola, imetulia kwenye ala yake. Hakuichomoa wala hakumwelekezea mtu. Lakini picha ile ilizunguka dunia nzima usiku uleule, na mechi ikavunjika.

Kilichofuata kila shabiki wa soka la Ulaya anakikumbuka. Serikali ya Ugiriki ilisimamisha ligi nzima. AEK wakapewa ushindi wa mabao 3-0 mezani, PAOK wakakatwa pointi 3, Savvidis akapigwa faini ya euro 100,000 na kufungiwa miaka 3 kuingia viwanjani. Ubingwa ukaenda AEK.

Jambo moja lilipita kimyakimya katika kelele zile: bastola ile iliripotiwa kuwa ya halali. Mzee alikuwa na kibali. Ila kibali hakikumsaidia kitu, maana kosa lake halikuwa kumiliki. Kosa lilikuwa mahali alipoipeleka.

Turudi nyumbani. Kwenye vijiwe vya kahawa vya Ngamiani hapa Tanga, stori za usajili zikikolea lazima ifike mahali mtu aseme kwamba staa akishashika mkwanja wa maana, akanunua gari na kujenga, hawezi kutembea mikono mitupu. Atafute mguu wa kuku. Wengine wanaongeza viongozi wa timu, hasa wale wa enzi za tiketi za vishina, waliokuwa wakitoka Mkwakwani jioni na mapato ya mlangoni kwenye mfuko.

Hoja hiyo si ya kuchekwa. Afrika Kusini, Oktoba 26, 2014, kipa na nahodha wa Bafana Bafana, Senzo Meyiwa wa Orlando Pirates, alipigwa risasi na kufa akiwa ndani ya nyumba Vosloorus. Alikuwa na miaka 27. Aprili 3, 2024 ikawa zamu ya beki Luke Fleurs, miaka 24, wa Kaizer Chiefs, timu ambayo Simba hawawezi kuisahau kwa zile 4-0 za robo fainali ya Afrika mwaka 2021. Alikuwa kituo cha mafuta Johannesburg. Waliomuua wakaondoka na gari lake.

Na kwetu Oktoba 11, 2018, mwekezaji wa Simba, Mohammed Dewji, alitekwa alfajiri na watu wenye silaha alipokwenda kufanya mazoezi kwenye hoteli Oysterbay, Dar es Salaam. Alikuwa peke yake. Alipopatikana Oktoba 20 kwenye viwanja vya Gymkhana, polisi walisema ndani ya gari lililotelekezwa kulikuwa na AK-47 na bastola 3. Watu wa kijiweni husema angekuwa na chuma chake wasingempata. Labda. Ila bastola moja kiunoni mwa mtu aliyevaa nguo za mazoezi, mbele ya kundi lenye AK-47, ni mechi ambayo matokeo yake unayajua kabla ya filimbi.

RAUNDI YA AWALI NI MTAANI KWAKO

Sasa tuseme staa ameamua. Anaanzia wapi?

Wengi wanadhani unaingia polisi na pesa, unatoka na bastola. Sivyo. Kumiliki silaha nchini kunaongozwa na Sheria ya Udhibiti wa Silaha na Risasi ya mwaka 2015, na safari yake ni kama ya timu inayotafuta Ligi Kuu. Huanzii juu. Unaanzia kwenye vumbi.

Vumbi lenyewe ni serikali ya mtaa au kijiji chako. Unaandika barua ya maombi na kueleza kwa nini unataka silaha. Sababu lazima iwe ya kueleweka: biashara yenye fedha nyingi, ulinzi wa mali, shamba linaloliwa na wanyama, uwindaji. "Mimi ni staa" haitoshi. Kikao cha mtaa kinakaa, kinakujadili, na muhtasari unaandikwa. Watu wanaokujadili ni walewale wanaokuona ukirudi saa nane usiku, wanaojua kama unampiga mkeo, kama unagombana baa, kama ukilewa unatafuta watu. Ukiwa na jina kubwa uwanjani lakini mtaani wanakuita mkorofi, unaweza kutolewa raundi hiyo.

Ukipita, unakwenda kata. Kisha Kamati ya Ulinzi na Usalama ya Wilaya, ambayo mwenyekiti wake ni Mkuu wa Wilaya. Kisha mkoa. Polisi nao wana kazi yao katikati: alama za vidole, kumbukumbu za makosa, afya ya akili, kama unajua kuitumia silaha yenyewe, na kama una mahali salama pa kuitunza, panapofungwa na funguo ikabaki kwako. Mwisho kabisa ndiyo maombi yanafika kwa mwenye mamlaka ya kutoa leseni ndani ya Jeshi la Polisi. Hapo ndipo unaweza kwenda kununua, tena kwa muuzaji mwenye leseni na kwa idadi ya risasi uliyoruhusiwa.

Ni mlolongo mrefu, na watu wanaulalamikia. Lakini kwa mkoa huu ni vigumu kuubeza. Mwishoni mwa Januari 2015 askari polisi waliokuwa doria hapa Tanga walivamiwa na kunyang'anywa bunduki zao. Katikati ya Februari polisi na wanajeshi wakapambana na watu wenye silaha kwenye mapango ya Amboni, na askari mmoja wa JWTZ akapoteza maisha. Mji uliozoea kusikia milio ya baruti ya harusi ukajifunza mlio mwingine. Msimu huo Coastal Union walikuwa Ligi Kuu, na Mkwakwani ni mwendo mfupi tu wa gari kutoka Amboni. Bunduki mbili tatu zilizopotea mikononi mwa wanaoruhusiwa kuzibeba zilitosha kuutia mji mzima hofu.

Leseni nayo si ya maisha. Inalipiwa na kuhuishwa kila mwaka, na wakati wowote unaweza kuitwa ukaonyeshe silaha yako. Mwaka 2016 wamiliki nchi nzima walitakiwa kuhakiki silaha zao, na hata Rais John Magufuli alihakiki za kwake. Wale wenye magobole ya urithi na vitu visivyo na karatasi, ambao huko Handeni na Kilindi si wachache, Serikali iliwapa nafasi ya kusalimisha bila kushitakiwa Septemba na Oktoba 2022.

KAMBINI UTAIWEKA WAPI?

Hapa ndipo maisha ya mpira na maisha ya bastola yanapogongana, na ajabu ni kwamba vijiweni hakuna anayepagusa.

Mchezaji wa Ligi Kuu hakai kwake. Leo kambi Tanga, keshokutwa basi la saa kumi na mbili kwenda Mbeya, wiki ijayo Kagera, halafu Dar, halafu wiki mbili timu ya taifa. Analala vyumba vya hoteli na mwenzake. Mabegi yanapakiwa na watu wa vifaa. Chumba kinasafishwa na mtu asiyemjua.

Silaha imeruhusiwa kwa sababu uliyoandika na kwa mahali ulipoonyesha pa kuitunza. Huwezi kumwachia mdogo wako akushikie. Huwezi kumwachia mkeo aiweke chini ya godoro, kwa sababu jina kwenye leseni ni lako, si lake. Huwezi kuiingiza kambini ukaifungia kwenye kabati la mbao pamoja na njumu. Ukienda nayo safari, unaibeba wewe usiku na mchana, na uwanja wa ndege unaitolea taarifa kabla ya kupanda. Ikipotea, unaripoti polisi haraka na maelezo yako yatachimbwa.

Kisha dirisha la usajili linafunguliwa, unauzwa. Ulijadiliwa na mtaa wa Tanga, sasa unahamia Mwanza ambako hakuna mwenyekiti anayekujua. Taarifa za kuhama zinatakiwa polisi. Wachezaji wetu wangapi, wanaobadilisha timu kila msimu na wengine kudai mishahara hadi TFF, watakumbuka hilo?

Kama kuna anayedhani bunduki kambini ni mzaha, aulize Chelsea. Februari 2011 Ashley Cole, beki wa kushoto bora wa kizazi chake, alikwenda na bunduki ya upepo kwenye uwanja wa mazoezi wa Cobham. Ikafyatuka, ikamjeruhi kijana mwanafunzi aliyekuwa pale kwa mafunzo ya kazi. Cole hakuwa na ugomvi na mtu. Ilikuwa bunduki ya upepo tu, na bado klabu ilimpiga faini na dunia nzima ikamcheka.

JINA TU NDILO "SHOOTING"

Mashabiki wa Tanga wana utani wao kuhusu hili. Mkoa huu ulikuwa na timu ya jeshi kutoka Kabuku, Handeni, ambayo wengi waliiita Mgambo Shooting, kama Pwani walivyokuwa na Ruvu Shooting. Watu wanaoishi na bunduki kazini, lakini uwanjani wanashuka na njumu kama wengine. Kwa kuwa tumeitaja, msimu wa 2015/16 walishuka daraja pamoja na Coastal Union na African Sports, timu 3 za mkoa mmoja kwa mpigo. Kidonda hicho bado kibichi, tukiache.

Jeshi lenyewe, tena, linajua mpaka uko wapi. Kila inapokaribia mechi kubwa polisi hutangaza, karibu kwa maneno yaleyale, kwamba hakuna kuingia uwanjani na silaha ya aina yoyote isipokuwa askari walio kazini siku hiyo. Tangazo halina kipengele cha mwenye leseni. Awe mjumbe wa kamati ya utendaji, mfadhili au mheshimiwa wa jukwaa kuu, kama hayupo zamu, silaha hairuhusiwi. FIFA wamekwenda mbali zaidi: kanuni zao za usalama zinasema hata walinzi wa pembeni mwa uwanja wasibebe bunduki wala mabomu ya machozi. Sababu zinajulikana. Accra, Mei 2001, na Kanjuruhan nchini Indonesia, Oktoba 2022, zaidi ya watu 250 kwa jumla walikufa baada ya polisi kurusha mabomu ya machozi jukwaani, na yale si hata risasi za moto.

Tatizo liko kwenye utekelezaji. Getini kwetu mwenye kadi ya kijani anapapaswa, na anayeshuka kwenye gari lenye vioo vyeusi anapigiwa saluti. Hakuna anayemuuliza bosi ameficha nini chini ya koti. Kama Savvidis angekuja Mkwakwani, angepita geti la wageni maalumu bila kuguswa, labda na kubebewa maji. Bodi ya Ligi na polisi wa mkoa wakiamua kuanza na geti hilo, wale wa mzunguko hawatakuwa na cha kulalamika wakikaguliwa.

Fikiria usiku wa Agosti 13, 2023. Fainali ya Ngao ya Jamii, Simba na Yanga, Mkwakwani imefurika hadi mdomoni. Dakika 90 hakuna bao. Penalti. Ally Salim anapangua ya kwanza, ya pili, ya tatu. Simba wanashinda 3-1 na jukwaa linakuwa rundo la watu: wanarukiana mgongoni, wanaanguka ngazi tatu chini, wanavuana mashati, mtu asiyemjua jirani yake anamkumbatia kiunoni na kumnyanyua juu.

Sasa weka bastola yenye risasi kwenye kiuno hicho. Novemba 2008 Plaxico Burress, staa wa New York Giants aliyekuwa ameipa timu yake ubingwa wa mpira wa Kimarekani mapema mwaka huohuo, aliingia klabu ya usiku New York na bastola kwenye suruali ya michezo, bila ala. Ikaanza kuteleza mguuni. Akaidaka, ikafyatuka, ikampiga mwenyewe pajani. Leseni yake ya Florida ilikuwa imeisha miezi kadhaa nyuma, na ya New York hakuwahi kuwa nayo. Alihukumiwa miaka 2 jela.