Gari Likikataa Kuwaka: Sikiliza Kwanza Kabla ya Kununua Betri

Kwa mfanyabiashara anayepeleka mboga sokoni alfajiri, gari lisilowaka ni mzigo unaonyauka na mteja anayehamia kwingine. Kwa familia yenye mgonjwa usiku wa manane, ni jambo zito zaidi. Hasara nyingine huja baadaye: betri mpya hununuliwa, kisha stata, kisha pampu ya mafuta, na mwishowe hugunduliwa kwamba tatizo lilikuwa waya uliolegea.

Sehemu kubwa ya hasara hiyo huepukika. Gari la kisasa, licha ya kuwa na kompyuta na sensa nyingi, hutoa dalili zinazoweza kusomwa na mtu asiye fundi. Mwenye gari anayejua kueleza dalili hizo humsaidia fundi kufika kwenye chanzo haraka, na huwa vigumu kuuziwa kipuri asichokihitaji.

Injini inahitaji nini?

Ili injini ya petroli iwake, mambo manne lazima yatimie. Kwanza, stata iizungushe kwa kasi ya kutosha. Pili, mafuta yafike kwenye nozeli yakiwa na presha. Tatu, plagi zitoe cheche kwa wakati unaofaa. Nne, kompyuta ya gari ikubali ufunguo na iruhusu kazi hiyo ifanyike. Injini ya dizeli haina plagi za cheche. Mafuta hujiwasha yenyewe kwa joto la hewa iliyoshindiliwa, na injini nyingi husaidiwa na plagi za kupasha joto.

Kwa hivyo swali la kwanza ni moja tu: je, injini inazunguka au haizunguki? Jibu hugawa matatizo yote katika makundi mawili, na dawa ya kundi moja haitibu kundi la pili. Injini inayozunguka kwa nguvu zake za kawaida lakini haiwaki haiponi kwa kununuliwa betri mpya.

Kila sauti ina maana yake

Mlio wa haraka wa "ta-ta-ta-ta" huku taa za dashibodi zikififia: umeme hautoshi. Betri imeisha, au vichwa vyake vimelegea au vimeota ukungu mweupe au wa kijani.

Mlio mmoja mzito wa "tak", kisha kimya: stata inapata amri lakini haizungushi injini. Huenda stata yenyewe au solenoidi yake imechoka, au waya mnene wa umeme au wa athi haushiki vizuri.

Kimya kabisa, lakini taa za dashibodi zinang'aa: amri haifiki kwenye stata. Mambo ya kuchunguza ni fyuzi, rilei, swichi ya breki, swichi ya gia, au kengele ya wizi iliyofungwa baadaye.

Injini inazunguka polepole kana kwamba imechoka: betri dhaifu, viunganisho vichafu au stata iliyochakaa.

Injini inazunguka vizuri lakini haiwaki: tatizo liko kwenye mafuta, cheche, sensa au ufunguo.

Injini inazunguka kwa wepesi kuliko kawaida na kwa sauti tofauti: acha kupiga stata mara moja. Huenda mkanda wa taimingi umekatika, na katika baadhi ya injini kuendelea kuzungusha hupinda valvu. Ni vyema kujua kama gari lako lina mkanda, ambao hubadilishwa kwa ratiba, au mnyororo. Injini ya 1NZ-FE inayopatikana katika Toyota Probox nyingi, kwa mfano, ina mnyororo.

Kuna jaribio jepesi la kutofautisha. Washa taa kubwa za mbele kisha jaribu kuwasha gari. Taa zikizimika au kufifia sana, shaka iangukie betri na vichwa vyake. Zikibaki ziking'aa bila kubadilika na hakuna sauti yoyote, umeme hauendi kwenye stata.

Betri hupimwa, haikisiwi

Betri nyingi hupoteza nguvu baada ya miaka 3 hadi 5, na joto kali huzichosha mapema zaidi. Hata hivyo, umri pekee hautoshi kuihukumu. Mita ya kupimia umeme hutoa jibu kwa dakika chache.

Gari likiwa limepumzika kwa saa kadhaa, betri iliyojaa huonyesha takriban volti 12.6. Ikisoma 12.2, imebaki karibu nusu. Ikisoma 12.0 au chini, imekwisha au inakaribia kwisha. Wakati stata inazunguka, volti zikishuka chini ya 9.6, betri hiyo ni dhaifu au haijachajiwa. Injini ikishawaka, mita inapaswa kupanda hadi kati ya volti 13.5 na 14.7 hivi katika magari mengi.

Kipimo hicho cha mwisho ndicho husahaulika mara nyingi. Injini ikinguruma huku mita ikibaki kwenye 12 na kuendelea kushuka, altaneta haichaji. Ukinunua betri mpya katika hali hiyo, nayo itaisha baada ya safari chache. Vilevile, betri nzuri inayokauka kila usiku huenda inanyonywa na kitu: taa ya buti isiyozimika, redio iliyofungwa vibaya, au kifaa cha kufuatilia gari.

Kabla ya yote, shika vichwa vya betri kwa mkono, injini ikiwa imezimwa. Kikizunguka, kimelegea. Kikaze, safisha ukungu, kisha ujaribu tena. Kazi hiyo haigharimu chochote.

Ufunguo, breki na gia

Magari ya kuwashwa kwa kitufe hayatawaka ikiwa kanyagio cha breki hakijakanyagwa sawasawa. Swichi ya breki ikiharibika, kompyuta haijui kwamba umekanyaga. Mwombe mtu aangalie nyuma: taa za breki zisipowaka unapokanyaga, umepata pa kuanzia.

Katika gari la gia za kujiendesha, jaribu kuwasha likiwa kwenye N badala ya P, mguu ukiwa kwenye breki. Likiwaka kwenye N pekee, swichi ya gia inahitaji kuangaliwa.

Ufunguo wa kisasa una chipu ambayo kompyuta huitambua. Taa yenye alama ya ufunguo au kufuli ikimweka unapojaribu kuwasha, huenda gari halijautambua. Jaribu ufunguo wa akiba. Ikiwa ni wa kubebwa mfukoni, betri yake ndogo huenda imeisha; katika magari mengi, kuugusisha ufunguo huo kwenye kitufe cha kuwashia hutosha kuliwasha.

Jambo jingine ni kengele za wizi na vifaa vya kufuatilia gari vinavyofungwa baada ya gari kununuliwa. Baadhi hukata umeme wa stata au wa pampu ya mafuta. Mwelezee fundi kuwa kifaa hicho kipo, hasa ikiwa gari lilinunuliwa kwa mkopo.

Inazunguka lakini haiwaki

Anza na jambo ambalo wengi huona haya kulitaja: je, mafuta yapo? Geji huweza kudanganya, hasa gari likiwa limeegeshwa mteremkoni. Pili, fungua swichi hadi ON bila kupiga stata, kisha sikiliza upande wa tangi. Katika magari mengi ya petroli, pampu huvuma kwa takriban sekunde 2. Kimya kinaweza kumaanisha fyuzi, rilei au pampu, na vichunguzwe kwa mpangilio huo, kuanzia kilicho rahisi.

Ikiwa gari limekataa kuwaka mara tu baada ya kutiwa mafuta, huenda yana maji au umewekewa dizeli badala ya petroli. Usiendelee kupiga stata. Mafuta hayo yatolewe kwanza. Ikiwa limekataa baada ya injini kuoshwa kwa maji ya presha, koili na viunganisho vya nyaya vikaushwe. Gari lililokaa muda mrefu bila kutumika likaguliwe kama panya wametafuna nyaya.

Ukisikia harufu kali ya petroli baada ya kujaribu mara nyingi, huenda plagi zimelowa. Katika magari mengi yenye nozeli za kompyuta, kukanyaga mafuta hadi chini wakati wa kupiga stata huzuia mafuta mengine kuingia na kuruhusu injini ijikaushe.

Usipige stata kwa zaidi ya sekunde 10 kwa wakati mmoja. Ipumzishe angalau dakika moja, la sivyo itaungua na utakuwa na matatizo mawili. Na kusukuma gari la gia za kujiendesha hakutaliwasha.

Kompyuta husema nini?

Magari mengi ya kisasa yana soketi ya matundu 16 chini ya dashibodi, upande wa dereva. Nchini Marekani mfumo huo, OBD-II, umekuwa wa lazima kwa magari mapya tangu modeli za 1996. Mashine ya fundi ikichomekwa hapo husoma kodi za hitilafu zilizohifadhiwa. Baadhi ya magari yaliyotengenezwa kwa soko la ndani la Japani hayasomwi na kila mashine, kwa hivyo mashine ikishindwa kusoma haina maana kwamba kompyuta imekufa.

Kodi si amri ya kununua kipuri. P0335, kwa mfano, inahusu mzunguko wa umeme wa sensa ya krenkishafti. Huenda sensa imeharibika, lakini pia huenda waya umekatika au kiunganisho kimeingia oili. Fundi makini huangalia pia kasi ya injini kwenye mashine wakati stata inazunguka. Ikisoma sufuri ilhali injini inazunguka, sensa au waya wake hautoi habari, na kompyuta haijui wakati wa kutoa cheche. P0230 nayo inahusu umeme wa pampu ya mafuta, na fyuzi au rilei huangaliwa kabla ya tangi kufunguliwa.

Kuazima umeme kwa usalama

Betri ikiwa imeisha, gari jingine lenye betri ya volti 12 linaweza kusaidia. Magari yasigusane na yote yazimwe. Unganisha waya mwekundu kwenye chanya ya betri iliyokufa, kisha kwenye chanya ya betri nzima. Unganisha waya mweusi kwenye hasi ya betri nzima, na ncha yake ya mwisho kwenye chuma kisicho na rangi cha injini ya gari lililokufa, mbali na betri. Betri hutoa gesi ya haidrojeni inayoweza kulipuka kwa cheche ndogo, ndiyo maana ncha ya mwisho haiwekwi juu yake. Hakuna kuvuta sigara wala kumulika kwa kiberiti. Washa gari zima kwanza, subiri dakika chache, kisha washa la pili. Nyaya zitolewe kwa mpangilio wa kinyume.

Magari ya haibridi yanahitaji tahadhari zaidi. Nyaya za rangi ya machungwa hubeba umeme wa zaidi ya volti 100 na huweza kuua. Zisiguswe na mtu asiye na mafunzo. Hata hivyo, magari hayo pia yana betri ndogo ya volti 12, na mara nyingi hiyo ndiyo huisha gari likikataa kuwaka. Soma kitabu cha gari kabla ya kuunganisha nyaya, na usitumie haibridi kuazima gari jingine umeme bila mwongozo huo kuruhusu.

Gari likizima barabarani, washa taa za tahadhari, weka pembetatu zinazomulika mbali nyuma ya gari, na abiria wakae mbali na barabara. Panapotokea hatari, piga 999 au 112.

Ukifika kwa fundi

Mweleze ulichosikia na ulichoona, si ulichokisia. "Inazunguka vizuri asubuhi lakini haiwaki ikiwa moto" ni habari yenye thamani kuliko "naona ni pampu." Muulize amepima nini na amepata kipimo gani kabla ya kutaja kipuri. Unaweza kuuliza pia kama ana cheti cha NITA cha ufundi wa magari.

Sheria ya Kuwalinda Watumiaji Bidhaa ya 2012 ina sehemu inayohusu ukarabati wa magari. Mteja anaweza kuomba makadirio ya gharama kabla ya kazi kuanza, kazi isifanywe bila idhini yake, na ana nafasi ya kudai arudishiwe vipuri vilivyotolewa. Makadirio yaandikwe, hata kama ni kwa ujumbe wa simu, ili pande zote mbili ziwe na kumbukumbu.

Betri iliyokufa kabisa isitupwe kwenye jaa wala asidi yake kumwagwa shambani au mtaroni. Ina risasi, madini yanayodhuru ubongo wa watoto na kubaki udongoni kwa miaka mingi. Wauzaji wengi wa betri hupokea ya zamani na kupunguza bei ya mpya. Iache hapo, na uombe ile mpya ipimwe mbele yako kabla ya kulipa.