Kwa Nini Khanga Haichomoki Kwenye Puli

Mashine ya kusaga ya mtaani kwetu haina kava. Kati ya mota na kinu mikanda mitatu inakimbia wazi, hatua mbili tu kutoka pale kina mama wanapopanga ndoo zao za mahindi. Siku moja niliona pindo la khanga likipeperushwa na upepo wa ile mikanda, likaelekea kwenye puli. Mwenye khanga alinusurika kwa sababu kuna mtu alimwita, akageuka.

Tupige hesabu. Mota ya namna ile huzunguka kiasi cha mara 1,450 kwa dakika. Puli yake ikiwa na kipenyo cha sentimita 20, mkanda hukimbia mita 15 kwa sekunde. Mtu aliyeshtuka huchukua kama robo sekunde kabla mkono wake haujaanza kusogea, na ndani ya robo hiyo karibu mita 4 za mkanda zimeshapita. Khanga yenyewe haifiki mita 2.

Ikishajiviringisha, ndiyo basi. Kila mzunguko wa kitambaa kwenye chuma huzidisha mshiko maradufu kwa maradufu. Tukikadiria msuguano wa 0.3, mzunguko mmoja huukuza zaidi ya mara 6, na wa pili zaidi ya mara 40. Mabaharia wanalijua hilo: kamba ikizungushwa mara chache kwenye kigingi, mtu mmoja huzuia chombo kizima. Hapa kwenye kinu, anayevutwa ni binadamu.

Ndiyo maana sikubali maneno ya "kuwa mwangalifu". Uangalifu hauna kasi hiyo. Uingereza iliagiza shafti za viwandani zizungushiwe kinga tangu 1844, na Tanzania ina Sheria ya Usalama na Afya Mahali pa Kazi ya 2003.

Nilimwuliza fundi kava liko wapi. Lipo nyuma ya banda. Mkanda hulegea, akaniambia, na kufungua bolti nne foleni ikiwa ndefu ni kazi. Hapo nikamwelewa. Kava linalomchelewesha fundi litavuliwa tu. Linalofaa ni la wavu mnene lenye bawaba, na swichi ya kukata umeme linapofunguliwa. Hata hivyo asubiri, kwani nyundo za kinu huendelea kuzunguka umeme ukishakatika. Na swichi kubwa aipige kufuli, ufunguo akae nao mfukoni.

Jumamosi nilimpelekea bawaba mbili.