Mshukiwa wa Dhuluma za Nyumbani Naye Ahitaji Tabibu

Mwaka jana nilitenda kosa ambalo mwalimu wa sarufi hastahili kulitenda. Tulikuwa tumeketi, wahadhiri watatu, tukinywa chai, mmoja wetu akaleta habari kwamba mwanafunzi wetu wa zamani, ambaye sasa ni mwalimu wa shule ya upili, ameshtakiwa na mkewe kwa kumpiga. Nami, bila ya kuuliza lolote, nikasema: "Kumbe ni mpiga mke!"

Msomaji na alitazame neno hilo. Katika mshukiwa, mtuhumiwa na mshtakiwa kimo kiambishi cha kutendwa, -w-. Lugha yenyewe yakiri kwamba huyu ni mtu aliyeshukiwa, aliyetuhumiwa, aliyeshtakiwa. Aliyoyatenda yeye hayajasemwa bado. Lakini mpiga mke ni mwenzake mpiga ngoma na mpiga ramli, watu waliozoea shughuli hizo hata zikawa ndizo jina lao. Kifungu cha 50 cha Katiba ya mwaka wa 2010 chamhesabu mshtakiwa kuwa hana hatia hadi ithibitishwe vinginevyo. Mimi nilikuwa nimekwisha kumhukumu kabla chai haijapoa.

Upande wa pili nao hauna heri. Mahakamani mwanamke huyo huitwa mlalamishi, neno ambalo mitaani humaanisha mtu wa kunung'unika kila siku. Mtu aliyevimba jicho hastahili kuitwa hivyo.

Miezi miwili baadaye kijana huyo alinijia ofisini. Alikuwa amekonda mno. Alisema halali usiku, hawezi kusahihisha madaftari, na kwamba akiingia katika chumba cha walimu mazungumzo hukatika. "Mwalimu," akaniambia, "naona afadhali nisiwepo."

Nilimwuliza kama alimpiga mkewe. Akanyamaza kitambo, kisha akasema alimpiga kofi, mara moja. Sikumwambia kwamba mara moja ni kidogo. Sheria ya mwaka wa 2015 ya kuwakinga watu dhidi ya dhuluma za nyumbani haimsubiri mtu arudie. Wala haikomei kwenye vipigo, kwani yataja pia mateso ya kiakili na ya kiuchumi. Utafiti wa kitaifa wa afya wa mwaka wa 2022 ulionyesha kwamba wanawake 34 katika kila 100 walikuwa wamepata kupigwa au kuumizwa tangu walipotimiza miaka 15.

Hata hivyo, mtu asemaye afadhali asiwepo yumo hatarini, awe ana hatia au hana. Zamani angeogopa kumfunulia daktari siri hiyo, maadamu jaribio la kujiua lilikuwa kosa la jinai. Mnamo Januari 2025 Mahakama Kuu ilitangaza kwamba kifungu cha 226 cha Kanuni ya Adhabu, kilicholifanya kosa, kinapingana na Katiba. Basi nilimpeleka hospitalini siku hiyo hiyo, tukaketi pamoja kwenye benchi hadi alipoitwa.

Wapo watakaosema kwamba namhurumia dhalimu. Siwalaumu. Lakini mume aliyekata tamaa ya maisha huweza kuwa hatari kwa mkewe na watoto wake pia, kwa hivyo anayemtibu huenda anawakinga na hao.

Kilichonikera zaidi ni ujumbe wa jamaa zake. Waliposikia kwamba ni mgonjwa, walimwendea mkewe wakimtaka aondoe mashtaka, eti asije akamwua mumewe kwa aibu. Yaani aliyepigwa sasa abebeshwe na uhai wa aliyempiga! Mzigo huo ni wa tabibu, wa ndugu zake, na wetu sisi walimu wenzake tuliokuwa tukinyamaza anapoingia. Isitoshe, maradhi yaliyompata baada ya kushtakiwa hayawezi kuwa udhuru wa kitendo kilichotangulia, nami nilimwambia hivyo ana kwa ana.

Siku hizi analala kidogo, na kila Alhamisi huenda kumwona mshauri. Kesi itasikizwa mwezi ujao. Mkewe hajaiondoa, nami sijamwomba aiondoe.