Mudomo wa kasuku ukirefuka

Pengine kwenu ao kwa jirani kuna kasuku wa kijivu mwenye mukia mwekundu, aliyetoka katika pori la Walikale. Watoto wanamupenda sababu anaita kila mutu kwa jina. Siku moja munaona ncha ya mudomo imepinda karibu kugusa kifua, anaangusha mahindi, anakonda. Mutu anasema: leta mukasi! Usilete.

Mudomo haufanane na kucha tupu. Ngozi ngumu ya nje, ndiyo, ni ya namna ya kucha. Lakini ndani kuna mfupa, mishipa ya damu na ya maumivu. Kasuku ana uzito wa gramu 400 ao 500 hivi. Damu yake yote haijazi kikombe kidogo cha chai. Ukikata vibaya, mutoto atalia jioni.

Kwanza uliza kwa nini umerefuka. Mudomo wa ndege unakua siku zote. Porini anatafuna miti na kupasua ngazi, basi unajisaga wenyewe. Barazani, juu ya kijiti kimoja laini, atausagia wapi? Mupe vipande vya mbao isiyopakwa rangi, na matawi yenye maganda. Lakini kama unarefuka upesi hata akiwa na vya kutafuna, mara nyingi maini ni mgonjwa, zaidi kwa ndege anayelishwa karanga tupu. Hapo tupa haiponyi kitu. Badilisha chakula: ngazi, karoti, majani mabichi. Avoka hapana, hata kidogo. Kwa ndege ni sumu. Na umuondoe karibu na moshi wa makala.

Ikibaki lazima kupunguza, tafuta munganga wa nyama. Anayekuja kuchanja ng'ombe za Masisi pengine hajashika kasuku hata mara moja. Umuulize waziwazi, hatakasirika. Lakini kazi ya kutayarisha ni yako, nayo inataka siku saba ao kumi. Weka kitambaa karibu naye, acha akiuume, akichezee. Kisha umufunike mgongo kidogo, umupe ngazi, umuachilie. Kila siku ongeza dakika. Guza mudomo kwa kidole, bila nguvu. Ndege asiyezoea anaweza kufa kwa woga mikononi mwa watu wazima watatu, na hakuna aliyemukata.

Siku yenyewe, asubuhi, asiwe ameshiba sana. Watu wawili tu, watoto wakae mbali. Mumoja anashika kichwa pande mbili chini ya mataya, na kitambaa kinazuia mabawa. Usikaze kifua! Ndege anapumua kwa kupanua kifua. Ukikibana, hewa haiingie. Munganga anasugua ncha kwa tupa ndogo, kidogo kidogo, hakati. Akianza kuhema mudomo wazi, muache, murudie siku ingine. Damu ikitoka, bandika unga wa mahindi na ubonyeze mpaka ikauke. Kisha nawa mikono kwa sabuni, sababu kasuku anaweza kuleta ugonjwa wa mapafu kwa watu.

Na akifa? Usinunue mwingine kwa mutegaji. Mataifa yaliyokutana Johannesburg mwaka 2016 yalikataza biashara ya kasuku wa porini kuvuka mipaka, na katazo lilianza 2017. Huku Kivu ya Kusini, kituo cha Lwiro, kinachojulikana kwa kutunza sokwe, kimepokea pia kasuku walionyang'anywa wategaji. Uliye naye anaweza kuishi miaka 40 na zaidi. Anza na kitambaa leo jioni.