Kijani cha Jani Gani?

Kiswahili kina rangi tatu tu zinazojua adabu ya ngeli. Shati jeusi, mashati meusi. Ukuta mweupe, kuta nyeupe. Kitambaa chekundu, vitambaa vyekundu. Nje ya hizo tatu, sarufi inakaa pembeni na mfano unaingia. Kahawia imetoka kwenye kahawa, manjano ni kile kiungo kinachotia mchuzi rangi, zambarau ni tunda, waridi ni ua, chungwa ni chungwa, kijivu ni jivu la jikoni. Samawati imekopwa mbinguni. Ngozi ya mtu huwa maji ya kunde, na kuna nguo ya rangi ya damu ya mzee, ingawa hakuna anayemtaja mzee aliyetolewa damu hiyo.

Mwaka 1969 Wamarekani wawili, Brent Berlin na Paul Kay, walidai kwamba lugha yenye majina matatu tu ya msingi ya rangi itakuwa na nyeusi, nyeupe na nyekundu, na kwamba kijani au njano huja baadaye. Nadharia hiyo imepigwa marungu mengi tangu hapo. Hata hivyo, kwa upande wa vivumishi vyake vya asili, Kiswahili kimeketi palepale walipokiwekea kiti.

Kijani, basi, ni mgeni aliyepewa kazi ya mwenyeji. Ni neno jani lililovishwa ki-, ama ki- ile ya udogo, ama ile ya namna tunayoisikia katika kitoto na kizee. Ndiyo maana halitaki kubadilika: tunasema shati la kijani, milango ya kijani, na anayejaribu kulinyumbua atachekwa sokoni. Kabla yake wazee wa pwani walikuwa na chanikiwiti, ambalo ukilifumua unapata jani na -witi, yaani -bichi kwa matamshi ya kaskazini, upande wa Lamu. Leo tunasema kijani kibichi tukidhani tumeongeza chumvi. Tumerudia tu walichokisema babu zetu kwa neno moja.

Kwa hiyo kijani si sifa iliyosimama kwa miguu yake. Ni mlinganisho. Anayesema kitu ni cha kijani ameshadai mambo mawili: kwamba kuna jani, na kwamba jani hilo ni bichi. Pwani hakuna wa kubishana naye. Huko jani ni la mnazi, la mwembe au la mgomba, na mvua inalishughulikia. Waarabu waliiita Pemba Al-Jazira al-Khadra, Kisiwa cha Kijani, na aliyewahi kuishi kule Oman, ambako Jabal Akhdar, Mlima wa Kijani, ni mwamba mtupu kwa sehemu kubwa, ataelewa kwa nini kijani cha Pemba kiliwatoa machozi.

Sasa lichukue neno hilo la pwani ulipeleke Turkana, kaskazini-magharibi mwa Kenya.

Ghuba ya Ferguson iko kwenye ufuo wa magharibi wa Ziwa Turkana, karibu na mji wa Kalokol, kama kilomita 60 kutoka Lodwar. Ulimi mrefu wa mchanga, Longech, unaikinga na mawimbi ya ziwa lenyewe. Lodwar hupata wastani wa milimita 200 hivi za mvua kwa mwaka, na wastani huo ni wa heshima tu, kwa sababu mvua yenyewe huja kwa hasira ya siku chache kisha ikaondoka bila kuaga. Ardhi ni ya rangi ya mchanga na kokoto. Kitu cha kwanza cha kijani anachokiona mgeni akishuka Kalokol ni maji.

Mwingereza John Hillaby alitembea kwa miguu na ngamia hadi huko, na kitabu chake cha mwaka 1964 ndicho kilicholieneza duniani jina la Bahari ya Jade, lile jiwe la thamani la kijani. Jina limewafaa sana wauza safari. Kinacholipaka ziwa rangi hiyo ni mwani mdogo mno usioonekana kwa jicho, unaozaliana kwa mabilioni na kuelea karibu na uso wa maji pale upepo unapotulia. Kaskazini, Mto Omo unakoingia kutoka Ethiopia ukibeba takriban asilimia 90 ya maji yote ya ziwa, rangi ni ya tope. Wenyeji wa jadi wa ufuo wa magharibi, yaani Waturkana wenyewe, hawakulipa jina la rangi. Wao huliita Anam Kaalakol, ziwa la samaki wengi. Mgeni aliangalia kifuniko, mwenyeji akaangalia chunguni.

Na kweli kijani hicho kilikuwa chakula. Ghuba ni ya kina kifupi, maji yake ni ya vuguvugu, mwani unastawi, na tilapia huja humo kuzaa na kukua. Katikati ya miaka ya 1970 ziwa lilikuwa juu na nyavu za ghuba zikajaa kiasi ambacho hakijasahaulika. Norway ikaamua kusaidia. Ikajenga Kalokol kiwanda cha kugandisha samaki, kikakamilika mwanzoni mwa miaka ya 1980, katika sehemu ambayo kupoza kitu chochote ni vita na jua. Kilifanya kazi kwa muda mfupi sana, gharama zikakishinda. Maji nayo yakashuka, na kufikia katikati ya muongo huo sehemu kubwa ya ghuba ilikuwa imekauka na samaki wake wakaenda nayo. Mwaka 1990 Kenya ikavunja uhusiano wa kibalozi na Norway kwa mambo ya siasa ambayo hayakumhusu tilapia hata mmoja, na wafadhili wakafunga virago.

Maji hayo ya kijani hayanyweki kwa raha. Yana magadi na floridi nyingi, na ukikaa miongoni mwa watu wa ufuoni utaona meno yaliyoingia madoa ya kahawia. Kijani kimoja, basi, kinalisha samaki na hakimfai mwenye kiu. Neno letu halina nafasi ya kusema hivyo. Pwani hatukuhitaji.

Kijani cha pili kilipandwa kwa mkono wa binadamu. Mathenge, kwa jina la kitaalamu Prosopis juliflora, asili yake ni Amerika. Kenya ulipandwa kuanzia 1973 kwenye machimbo ya mawe ya Bamburi karibu na Mombasa, na katika miaka ya 1980 ukapelekwa nchi kame: Baringo, Tana, Turkana. Nia ilikuwa njema na ilielezeka: kuni, kivuli, kuzuia mchanga unaotembea. Mti ulitii maagizo kupita kiasi. Mizizi yake huzama mbali kutafuta maji ya chini, kwa hiyo wakati kila kitu kimekauka, wenyewe unang'aa. Maganda yake ni matamu. Mbuzi huyala, mbegu hupita tumboni salama na kuota kwenye samadi kila alikopita mbuzi. Ukitaka kueneza mti Turkana, hakuna wizara yenye wafanyakazi wengi kuliko mbuzi.

Leo mathenge umefuata kingo za Mto Turkwel pale Lodwar, umeshika lagha, yaani mto wa msimu, ya Tarach pale Kakuma, na umefika ghubani. Maji yaliporudi nyuma ulishuka nayo, ukishika ardhi iliyoachwa wazi. Ziwa lilipopanda tena, hasa kuanzia 2019 na 2020, vichaka vikabaki vimesimama ndani ya maji, navyo havina huruma na nyavu. Baringo wakazi walifika mbali zaidi: waliishtaki serikali, na mbuzi aliyepoteza meno kwa utamu wa maganda akapelekwa mahakamani Nairobi kama kielelezo. Mwaka 2008 serikali ikautangaza mti huo kuwa gugu haribifu kisheria. Ni hatima nadra kwa mti: kuletwa na mradi na kuharamishwa kwa tangazo, bila kuhama hata hatua moja.

Sina ugomvi na anayeutetea. Ukiondoa mathenge Kakuma, utaondoa kivuli cha vibanda vingi, ua wa nyumba nyingi na moto wa sufuria nyingi. Kambi ya wakimbizi ya Kakuma ilianzishwa 1992, na makazi ya Kalobeyei yakaongezwa 2016. Maelfu kwa maelfu ya watu kutoka Sudan Kusini, Somalia, Ethiopia, Kongo na kwingine wanapikia kuni. Sehemu ya kuni hizo hununuliwa kutoka kwa wenyeji na kugawiwa, na nyingi ni mathenge. Mgao hautoshi, kwa hiyo wanawake wa Kiturkana huja na mizigo kichwani, na unga au maharagwe hubadilishana mikono.

Ni kwenye biashara hii, kuliko kwenye kamusi, ndipo utaona -bichi likifanya kazi yake halisi. Mnunuzi haulizi mzigo una rangi gani. Anachomoa kijiti kimoja, si cha juu bali cha katikati, kwa sababu vikavu hufungwa nje. Anakikwaruza kwa ukucha. Ganda likifunua unyevu wa kijani chini yake, bei inashuka hapohapo.

“Mama, hizi mbichi.”

“Zitakauka kesho, mama. Jua ni la bure.”

“Basi kesho nitakulipa.”

Hapa kijani ni kasoro. Kuni mbichi hutoa moshi, hula muda na haziivishi. Kiswahili kimelijua hilo siku zote: tunda bichi halijawa tayari, nyama mbichi haijapikwa, na mwajiri akisema kijana bado mbichi, kijana huyo asitarajie barua ya kazi wiki hiyo. Neno lilelile linalolipamba jani linamshusha mtu. Pwani nzima inaishi na utata huo bila shida, kwa sababu daima kuna kitu kilichotajwa mbele ya sifa: tunda, nyama, kuni, kijana. Kijani peke yake ndicho kilichoruhusiwa kutembea bila jina la mwenyewe.

Mfugaji wa Kiturkana hana tatizo hili. Msamiati wake wa rangi umekulia kwenye ngozi za mifugo, una majina ya mabaka, mistari na michanganyiko ambayo msemaji wa Kiswahili angehitaji sentensi nzima kuieleza, na mwanamume huweza kuitwa kwa rangi ya fahali wake. Ng'ombe wa kijani bado hajazaliwa. Ama miti, huiita kila mmoja kwa jina lake na kwa kazi yake. Ewoi, ambao ni mgunga, una vijani vidogo vya rangi hafifu, lakini maganda yake hudondoka kiangazi mbuzi wanapoyahitaji zaidi. Eng'ol, mkoma, unatoa tunda la kula, majani ya kusuka na makuti ya nyumba. Esekon, mswaki, hukaa na majani mwaka mzima. Edapal nao hauvui majani, na mbegu zake huchemshwa na kuliwa njaa ikibana, kwa hiyo edapal uliozaa ni habari ambayo mama wa nyumba haipokei kwa vigelegele. Kando ya mito, miti ina wenyewe: mfumo wa ekwar huzipa familia haki ya kutumia sehemu fulani ya miti ya ukingoni. Kwenye mfumo huo ukisema “miti ya kijani” utaulizwa ya nani.

Serikali nayo ina macho yake. Mamlaka ya Kitaifa ya Kukabiliana na Ukame, NDMA, hutoa taarifa kila mwezi kwa kaunti kame, na kipimo kimojawapo ni hali ya uoto kutoka kwa setilaiti. Chombo kule juu hupima mwanga: jani hai hunyonya mwanga mwekundu na kurudisha ule wa jirani yake usioonekana kwa macho. Ni hesabu nzuri na ina faida kubwa. Lakini kutoka angani jani ni jani. Kichaka cha mathenge kilichoziba ukingo wa Turkwel, ambamo nyasi hazioti na mbuzi hapenyi, huhesabika kuwa uoto sawa na malisho. Kwa bahati njema taarifa hizo hizo hupima pia maziwa yanayokamwa, afya ya mifugo na umbali wa kutafuta maji, na vipimo hivyo havidanganywi na rangi. Anayesoma ukurasa wa ramani peke yake ndiye atakayedanganyika.

Jambo hili lina uzito zaidi sasa. Desemba 2022 Kenya iliahidi kupanda miti bilioni 15 ifikapo 2032 na kufikisha eneo la miti asilimia 30 ya nchi. Tarehe 13 Novemba 2023 taifa lilipewa siku ya mapumziko ili kupanda. Tangu hapo kila hotuba ina kijani ndani yake: uchumi wa kijani, ajira za kijani, nishati ya kijani. Katika Turkana mti mwepesi kuliko yote kuota, kukua na kujaza asilimia ni ule uliotangazwa gugu mwaka 2008. Ukitaka kijani tu, kazi imekwisha. Mbuzi waliimaliza zamani.

Kwa hiyo ninyi mnaoandika ripoti za Lodwar na Kakuma, na wahariri mnaozipitisha, neno kijani likijitokeza liulizeni jani lake. Andikeni jina la mti, kwa Kiturkana ikiwa Kiswahili hakina, na andikeni nani anaula, nani anaupikia na nani ana haki nao. Mkishindwa kuujua, mwiteni mchungaji yeyote aliye karibu. Atautaja kabla hamjamaliza swali.